Maana ya Jera: Runi ya Mwaka na Mavuno

Jera ni herufi ya 12 katika futhark ya kale, alfabeti ya runi (herufi za kuchongwa) 24 iliyotumiwa na makabila ya Kigermaniki ya kaskazini mwa Ulaya takriban kati ya karne ya 2 na ya 8. Katika simulizi za fantasia, Jera huchukuliwa kuwa alama yenye nguvu juu ya wakati: mchawi akishaichonga kwenye jiwe au ubao, majira hugeuka na kilichokuwa kichanga hukomaa. Hata hivyo, wakati unaotawaliwa na alama hii si ule unaohesabiwa kwa dakika. Ni wakati wa msimu, unaopimwa kwa kupanda, kungoja na kuvuna, na mtunzi asiyetofautisha nyakati hizo mbili huipa Jera kazi isiyokuwa yake.

Kila runi ilikuwa na sauti na jina. Sauti ya Jera ilikuwa ile tunayoiandika kwa y, na jina lake, kama wanaisimu walivyoliunda upya, lilimaanisha mwaka, hasa mwaka wenye neema ya mavuno. Umbo lake la kawaida ni pembe mbili zinazotazamana bila kugusana. Siku hizi wengi huzisoma pembe hizo kama kiangazi na kipupwe vinavyofuatana. Ni tafsiri ya kupendeza, lakini ni ya nyakati zetu. Ushahidi wa zamani uko katika mashairi ya runi, ambayo kila ubeti wake hueleza runi moja. Lile la Kiingereza cha Kale linasema kwamba mwaka mwema ni furaha ya watu pale Mungu anapoiacha ardhi itoe matunda yake kwa matajiri na maskini, na lile la Kiaisilandi linataja kiangazi kizuri na shamba lililostawi. Hakuna shairi kati ya hayo mawili linalosema lolote kuhusu kusimamisha wakati au kurudi nyuma.

Mfano ulio bora kuliko yote uko Blekinge, kusini mwa Uswidi. Jiwe la Stentoften, ambalo kwa kawaida huwekwa katika karne ya 7 na sasa limehifadhiwa katika kanisa la Sölvesborg, lina sentensi ambayo, kwa usomaji unaokubaliwa na wataalamu wengi, inasema kuwa kwa mabeberu tisa na farasi madume tisa, mtu aitwaye Haþuwulfr alitoa mwaka wa neema. Mahali panapostahili kuwa na maneno hayo ya mwisho, mchongaji aliweka runi moja tu, Jera, akimwachia msomaji aitamke kwa jina lake kamili. Herufi moja imebeba mwaka mzima wa neema. Tena haikusimama peke yake: kabla yake kuna sadaka, na baada yake kuna laana kwa atakayeliharibu jiwe. Ninaamini kwamba fantasia yoyote inayotaka kuitumia Jera kwa uzito ingeanzia hapa, kwa kuwa jiwe hili linaonyesha mambo yote yanayohitajika: mtoaji anayejulikana, gharama iliyolipwa, jamii itakayofaidika, na adhabu kwa mharibifu.

Kutokana na hayo, kanuni za alama hii katika ulimwengu wa kubuni zinajitokeza zenyewe. Jera inaweza kuharakisha kukomaa, kuchelewesha msimu, au kuleta malipo ya kazi iliyokwisha kufanywa, lakini haiwezi kumpa mavuno mtu asiyepanda. Mkulima akiichonga juu ya shamba tupu, hatapata kitu. Askari akiichonga juu ya jeraha, jeraha litapona upesi, lakini mwili wake utakuwa umeyaishi majuma yote ya kupona, pamoja na njaa na uzee wake. Kusimamisha wakati kunahitaji alama nyingine kabisa, maana Jera ni mzunguko, na mzunguko uliosimama si mwaka tena.

Ustadi wa mwandishi nao ni sehemu ya nguvu ya alama. Saga ya Egill, simulizi ndefu kuhusu mshairi na mpiganaji Egill iliyoandikwa Aisilandi katika karne ya 13, inasimulia juu ya msichana mgonjwa ambaye kitandani mwake palikutwa mfupa wa nyangumi uliochongwa runi na kijana aliyetaka kumvuta kimapenzi bila kuijua vyema kazi hiyo. Egill alizisoma, akazikwangua, akazichoma moto, kisha akachonga nyingine na kuziweka chini ya mto, na msichana akapata nafuu. Kosa katika kuandika lilikuwa limezidisha ugonjwa. Kwa alama inayogusa wakati, kosa la namna hiyo lingeweza kuchelewesha masika ya kijiji kizima.

Uhusiano wa runi na wakati haukuishia katika imani pekee. Katika Zama za Kati, Waskandinavia walichonga fimbo za kalenda ambazo juu yake runi saba za kwanza zilirudiwa juma baada ya juma kwa mwaka mzima. Mstari mwingine ulionyesha mwezi mwandamo kwa mzunguko wa miaka 19, kila mwaka ukiwa na runi yake, na kwa kuwa futhark ya baadaye ilikuwa na runi 16 tu, wachongaji walibuni alama tatu za ziada ili kufikisha idadi hiyo. Ár, jina la baadaye la Jera, lilikuwa miongoni mwa zile 16, likihesabu mwaka mmojawapo wa mzunguko huo.