Mhariri wa filamu hakati makosa tu
Hapa Kigoma, kuanzia Mwanga hadi Ujiji, kijana anayehariri video za harusi huambiwa, "Wewe kata tu palipoharibika." Kazi yake si hiyo pekee. Mhariri ndiye anayeamua tuutazame uso upi, kimya kidumu kwa muda gani, kilio kisikike kabla hatujamwona anayelia au baadaye. Hadithi inatungwa upya pale kwenye meza ya uhariri, na hili linastahili heshima na malipo yake.

Wengine hudhani fundi wa picha hawezi kuwa fundi wa sauti. Mwaka 1997 Mmarekani Walter Murch alipata tuzo mbili za filamu za Oscar kwa filamu moja, The English Patient: ya uhariri, na ya sauti pamoja na wenzake. Vivyo hivyo, anayehariri harusi leo anaweza kabisa kuhariri tamthilia, au filamu ya wavuvi wa dagaa.