Vitabu vya mji wetu huishia Darajani

Mwanafunzi akija maktaba kuomba "vitabu vya historia ya mji", najua atakachoondoka nacho nisipomwongoza: masultani, majumba, milango ya nakshi, biashara ya watumwa, mabalozi wa Kizungu. Vyote hivyo vilikuwa upande mmoja wa hori, mkono wa bahari uliotenga Mji Mkongwe na mitaa mingine. Upande wa pili, Ng'ambo, ambako wengi wetu tumezaliwa, ataukuta umepewa aya chache, tena umetajwa kama tatizo la afya na mabanda. Kazi yangu ni ukutubi, na kwa muda mrefu nimekuwa nikikusanya bibliografia ya mji wa Unguja. Orodha ya vitabu isipopangwa kwa makini nayo huishia palepale Darajani, mpakani mwa pande hizo mbili.

Tuanze na mwaka, maana hapo ndipo wengi hujikwaa. Kitabu cha msafiri Mwingereza Richard Burton, *Zanzibar: City, Island, and Coast*, juzuu mbili, kilitoka London 1872. Basi kila tasnifu inaandika "Burton (1872)" na kuendelea. Lakini Burton alifika Unguja mwisho wa 1856, na mji anaoueleza ni wa 1857. Katika miaka 15 iliyofuata Sultani Seyyid Majid alitawala mpaka akafa, Seyyid Barghash akashika kiti 1870, kipindupindu kilipita 1869 na 1870 kikaua watu wengi, na Aprili 1872 kimbunga kikaing'oa mikarafuu ya Unguja. Anayesoma Burton akidhani anaona mji wa 1872 anaona mji ambao haukuwepo tena. Ndiyo maana kila kadi yangu ina miaka miwili: mwaka wa chapa na mwaka wa macho. Kwa Bibi Salme, binti wa Sultani Seyyid Said aliyezaliwa kwenye jumba la Mtoni 1844, pengo ni kubwa vilevile. Aliondoka Unguja 1866, na kumbukumbu zake zikachapishwa kwa Kijerumani 1886. Mtoni yake ni ya utotoni, na Beit el Sahel yake, jumba la mjini, ni ya mtu wa ndani ya nyumba, jambo ambalo hakuna mgeni aliyeweza kulipata.

Halafu nani ameandika, na alikuwa amekaa wapi alipoandika. Pearce, aliyetoa kitabu chake 1920, alikuwa Resident, yaani mwakilishi mkuu wa Uingereza, hapa hapa. Ingrams (1931) alikuwa ofisa wa serikali. Ripoti ya Lanchester ya 1923 ni ya mpangamiji aliyeletwa na serikali. Sisemi vitupwe, na Ingrams ana mambo mazuri ya mila za watu wa mashamba ambayo huyapati kwingine. Nasema tu kadi ieleze mshahara ulitoka wapi. Hata bibliografia iliyotangulia, ya Norman Bennett ya 1984, jina lake linakuonesha mlango aliopitia: *The Arab State of Zanzibar*. Aliyekuwa akitafuta dola alipata dola.

Sasa Ng'ambo. Hapa hutafuti tena kwenye rafu ya "historia" peke yake. Anza na Laura Fair (2001), aliyeandika juu ya mji baada ya utumwa kukomeshwa akitumia kanga, ngoma, mpira na nyimbo za mwimbaji wa taarab Siti binti Saad kama ushahidi sawa na majalada ya serikali. Kwake ndiko utakuta mgomo wa 1928, wakazi wa Ng'ambo walipokataa kuwalipa wenye ardhi kodi za viwanja. Kisha Garth Myers na William Bissell kwa upangaji wa mji, na *Ng'ambo Atlas* ya 2019 kwa ramani. Abdul Sheriff, aliyehariri kitabu cha 1995 cha historia na uhifadhi wa Mji Mkongwe, hakwepeki, ila uangalie mpaka uliowekwa na jina la kitabu chenyewe. Kwa majumba ya ghorofa ya Michenzani, huko huko Ng'ambo, ujue kwamba wataalamu wa Ujerumani Mashariki walihusika, kwa hiyo usijifungie kwenye Kiingereza.

Nimeingiza pia riwaya, na wenzangu wengine wananipinga. *Vuta N'kuvute* ya Adam Shafi (1999) si hati ya kihistoria, nakubali. Lakini Yasmini anapoukimbia mji na kwenda kwa Mwajuma Ng'ambo, msomaji anavuka mpaka ambao ripoti za mipango miji huuchora kwa mstari tu. Naiweka katika sehemu yake, nikiandika wazi kuwa ni hadithi. *Wasifu wa Siti binti Saad* wa Shaaban Robert (1958) nimeuweka kwenye wasifu, si kwenye fasihi, japo mwandishi ni mshairi na kalamu yake inajulikana.

Upande wa Kiswahili na Kiarabu ndiko ninakosumbuka zaidi na kufurahi zaidi. Sheikh Abdulla Saleh Farsy aliandika kwa Kiswahili tarehe za wanavyuoni wa Afrika Mashariki, na ukikisoma kitabu hicho na kalamu mkononi, kila sheikh anakupa msikiti na darsa, kila darsa inakupa mtaa: Sheikh Abdalla Bakathir anakupeleka Ukutani. Hakuna anayekiweka chini ya "historia ya mji". Mimi nimekiweka. *Juhaynat al-Akhbar* ya Sheikh Said bin Ali al-Mughairi ilichapwa Oman baada ya mwenyewe kufariki, kwa hiyo nayo ina miaka miwili. Magazeti ya *Mwongozi* na *Afrika Kwetu* yalisimama pande mbili za siasa, nami nimeyapa kadi moja ili mtu asichukue moja akaacha jingine.

Ukienda Nyaraka, Kilimani, kwenye majalada ya serikali ya kikoloni yenye alama AB, tafuta kwa tahajia zote: Ng'ambo, Ngambo, N'gambo. Karani wa Kiingereza hakuwa na subira na kituo chetu cha juu.

Pemba ni fupi. Craster (1913) alikwenda kupima ardhi na akaandika alichokiona. Al-Mughairi ana mengi. Yaliyobaki ni ya wachimbaji wa mambo ya kale, Ras Mkumbuu na Mtambwe Mkuu, kwenye majarida zaidi kuliko vitabu. Chake na Wete bado ninawakusanyia.

Mwisho wa orodha kuna faharasa ya mitaa. Shangani inajaza safu nzima. Miembeni, Kikwajuni na Mwembetanga za Ng'ambo zina mistari michache, na najua vitu vipo: vijitabu vya klabu za mpira na vikundi vya taarab, risala za sherehe za skuli, mashairi ya maulidi yaliyopigwa chapa mjini. Mwenye navyo asinipe, akae navyo. Apige picha ya jalada na ya ukurasa wenye jina la mchapaji na mwaka. Jalada likiwa limeliwa na mchwa, huo ukurasa wa pili unatosha.