Roscoe Arbuckle hakupatikana na hatia

Mpaka leo wapo wanaosimulia kwamba Roscoe Arbuckle, mchekeshaji wa Marekani wa enzi za filamu zisizo na sauti, alimuua mwigizaji Virginia Rappe na akafungwa kwa kosa hilo. Si kweli, na inauma kuona uzushi huo unajulikana kuliko filamu zake.

Septemba 1921 Rappe aliugua kwenye sherehe ya Arbuckle katika hoteli ya St. Francis, San Francisco. Siku nne baadaye akafariki. Kibofu chake kilikuwa kimepasuka. Arbuckle akashtakiwa kwa kuua bila kukusudia. Magazeti hayakungoja ushahidi. Yaliandika kile kilichouzika, hata unene wa Arbuckle, uliomletea umaarufu, ukageuzwa kuwa silaha ya mauaji, eti uzito wake ndio uliopasua kibofu.

Kesi mbili za kwanza ziliisha bila wanajopo, yaani raia wanaoamua kama mshtakiwa ana hatia, kukubaliana. Katika ya tatu, Aprili 1922, jopo lilimwachia huru kwa dakika chache tu, na sehemu kubwa ya dakika hizo walikuwa wakiandika taarifa ya kumtaka radhi: kumwachia pekee hakutoshi, walisema, kwani ametendewa dhuluma kubwa. Ni mara ngapi mahakama husema hivyo?

Siku sita baadaye Will Hays, msimamizi wa maadili ya filamu, akapiga marufuku kazi zake. Marufuku iliondolewa mwaka huohuo, lakini jina lilikwishachafuka. Arbuckle, mtu aliyemwingiza mchekeshaji Buster Keaton kwenye filamu mwaka 1917, akabaki kuongoza filamu kwa jina la bandia la William Goodrich. Alifariki 1933, akiwa na miaka 46, muda mfupi tu baada ya kurudi mbele ya kamera.