Eric Harrison hakuletwa Old Trafford na Ferguson

Mashabiki wengi huamini kwamba kizazi cha David Beckham, Paul Scholes na Ryan Giggs kililelewa na Alex Ferguson, meneja wa zamani wa Manchester United (klabu ya uwanja wa Old Trafford), peke yake, na kwamba aliyekinoa lazima naye alikuwa nyota wa zamani. Yote mawili si kweli.

Kocha wa vijana hao alikuwa Eric Harrison, mzaliwa wa Yorkshire, ambaye enzi zake za uchezaji zilipita katika madaraja ya chini akiwa na Halifax Town, Hartlepools United, Barrow na Southport, klabu ambazo hata Waingereza wengi hawazifuatilii. Baada ya kufundisha vijana wa Everton alihamia Manchester United mwaka 1981, chini ya meneja Ron Atkinson, yaani miaka mitano kabla ya Ferguson kuwasili. Tayari wachezaji Mark Hughes na Norman Whiteside walikuwa wamepita mikononi mwake.

Sifa ya Ferguson, nayo si ndogo, ni kwamba alimbakiza, akapanua usakaji wa vipaji, kisha akathubutu kuwapanga vijana hao kikosi cha kwanza.

Katika uwanja wa mazoezi wa The Cliff, Harrison alitazama mechi kutoka dirisha la juu, na mchezaji aliyekosea aliisikia ngumi yake ikigonga kioo. Beckham alikaripiwa mara kwa mara kwa pasi ndefu za mbwembwe. Mwaka 1992 kikosi chake cha vijana kilitwaa Kombe la FA la Vijana kwa kuifunga Crystal Palace jumla ya mabao 6-3.