Msanii mmoja mara tatu mfululizo, apu inapendelea?

Kwenye bajaji za Mwanjelwa hapa Mbeya utasikia sana hii, eti ukibonyeza kuchanganya nyimbo kwenye pleilisti, apu ya muziki inampendelea msanii fulani maana anakuja mara tatu mfululizo. Kufuatana peke yake hakuthibitishi upendeleo. Chukua nyimbo 10, tano za msanii mmoja tano za mwingine: kuna mipangilio 252 ya nani anamfuata nani, na inayopishana mmoja mmoja mwanzo mwisho ni 2 tu! Ndo maana watengenezaji wengine wa apu hizi wanawatenganisha wasanii makusudi (yaani bahati nasibu inapunguzwa ili ionekane bahati nasibu). Kata vikaratasi 10, andika A tano B tano, tia kwenye kofia, chomoa bila kuchungulia, rudia rudia uone herufi moja inavyofuatana yenyewe. Ila nyimbo zinazoongezwa zenyewe pleilisti ikiisha, hizo kweli apu ndo imechagua.