Nakshi ya Kale Hainakiliwi Mraba kwa Mraba

Wiki iliyopita mwanafunzi wangu alinitumia picha ya kitambaa cha kitani alichokitarizi kwa wiki tatu, pamoja na swali ambalo nimelijibu mara nyingi mno: "Mwalimu, nimefuata mchoro wa kale mraba kwa mraba, sijakosea hata mmoja, mbona ua langu limekuwa yai?" Nililihesabu ua hilo na kweli hakukosea. Lilikuwa na miraba 60 kwa upana na 60 kwa kimo, mishono ya msalaba ilikuwa imelalia upande mmoja yote kama inavyotakiwa, na nyuma ya kitambaa palikuwa safi. Tatizo halikuwa mkono wake. Tatizo ni ile imani inayorudiwa kila mahali, kwamba nakshi ya kale ni mchoro uliokamilika, unaosubiri tu kuhamishiwa kwenye kitambaa chochote kwa uzi wowote, na kwamba anayeuhamisha bila kubadilisha kitu ndiye anayeuheshimu.

Kitambaa kwanza, kwa kuwa hesabu yake ni fupi. Kitani chake kilikuwa na nyuzi 12 za mtande, zile zinazosimama wima, kwa kila sentimita na nyuzi 10 tu za mshindio, zile zinazolala. Mshono wake ulishika nyuzi mbili kila upande, kwa hiyo miraba 60 ilimeza nyuzi 120, ambazo kwa upana ni sentimita 10 na kwa kimo ni sentimita 12. Vitambaa vinavyotengenezwa leo kwa ajili ya kutarizi kwa kuhesabu hufumwa makusudi ili pande zote zilingane. Kile cha namba 14 kina miraba 14 kwa kila inchi, ukipime wima au ukilaze. Kitani kilichofumwa kwa mkono hakikutoa ahadi hiyo, na mtarizi wa zamani alikijua kitambaa chake kabla ya kutunga sindano. Karatasi ya miraba haikijui.

Mshono nao una amri zake, na hizi ndizo zinazopuuzwa zaidi. Hans Holbein alipomchora Jane Seymour, malkia wa Uingereza, mwaka 1536, alionyesha kwenye ncha za mikono ya vazi lake nakshi ya uzi mweusi juu ya kitambaa cheupe, na alizichora kwa uangalifu kiasi kwamba mshono wenyewe unaitwa kwa jina la Holbein hadi leo. Wengi huitazama picha hiyo, wakapenda vijitawi vyake, kisha wakavishona kwa kurudisha sindano nyuma kila hatua. Mbele panapendeza, lakini nyuma ni nyuzi zilizolaliana na kufanya uvimbe. Ile ni kazi ya nguo ambayo ncha yake huachia na ndani yake huonekana, kwa hiyo pande zote mbili hazina budi kufanana. Sindano hupiga bandi kwenda, ikiruka hatua moja na kushika moja, kisha hurudi njia ileile ikijaza mapengo yote iliyoyaacha. Ukilifahamu hilo, unaelewa mara moja kwa nini nakshi za aina hii ni matawi yaliyoungana na shina: sindano lazima ipate njia ya kwenda na njia ya kurudi, na kila kijitawi ni safari fupi ya pembeni inayoishia pale ilipoanzia. Ukiongeza nyota inayoelea peke yake katikati ya matawi, kwa kuwa imekuvutia kwenye kazi nyingine ya kale, uzi utalazimika kuruka hewani nyuma ya kitambaa, na mruko huo utaonekana. Umbo halikutokana na mapenzi ya mchoraji peke yake. Njia ya sindano ndiyo iliyolizaa.

Sasa nije kwenye rangi, ambapo uvumilivu wangu huisha. Kila mara nasikia mtu akisema kwamba ametumia "rangi halisi za zamani", na ninapoangalia namwona ameweka majani ya buluu. Ameyatoa kwenye picha ya kazi ya kale ya Ulaya, na ni kweli kwamba kwenye picha hiyo majani ni ya buluu. Lakini watarizi wale hawakupanda bustani za buluu. Uzi wa kijani ulipatikana kwa kutiwa rangi mara mbili, buluu ya aina ya nili na njano itokanayo na mimea, na njano hiyo huchujuka kwenye mwanga haraka kuliko buluu. Baada ya miaka mingi ukutani, njano imekwenda na buluu imebaki. Geuza kazi hiyohiyo, pale bitana ilipofunguka, na mara nyingi utakuta kijani bado kipo nyuma, ambako jua halikufika. Nimewahi kupewa mto wa kale niurekebishe pindo, na nilipofumua sentimita chache za mshono wa pembeni nikaona ndani ya mkunjo jani moja la kijani kibichi kabisa, nusu yake ikiwa ndani na nusu nje, na mpaka kati ya kijani na buluu ulikuwa umenyooka kama uliopigwa rula. Tangu siku hiyo siamini rangi ya upande wa mbele.

Weusi una kisa kibaya zaidi. Uzi mweusi wa zamani ulitiwa rangi mara nyingi kwa kuchanganya chuma na maganda au magamba yenye utomvu mkali, na mchanganyiko huo huila hariri polepole hadi uzi ukageuka kahawia, ukavunjika na kudondoka. Zipo kazi ambazo mistari yake imebaki safu za vitobo vya sindano tu. Mtu anayenakili picha ya kazi kama hiyo hunakili mistari iliyosalia na kuacha iliyodondoka, kisha anasifu jinsi wakale walivyopenda nafasi tupu.

Hata hivyo, hapa ndipo penye utelezi, na ninaomba msomaji asiondoke na kanuni rahisi kwamba kila rangi ya ajabu ni uchakavu. Kazi ndefu ya Bayeux, mji wa Ufaransa, ambayo watu huiita zulia la ukutani ilhali ni utarizi wa sufu juu ya kitani, wenye urefu unaokaribia mita 70 na unaosimulia vita vya mwaka 1066, Wanormani walipoiteka Uingereza, ina farasi wa buluu. Ina farasi ambao miguu ya upande wa mbali ni ya rangi tofauti kabisa na ya upande wa karibu. Huo si mchujuko. Aliyefanya hivyo alikuwa na rangi chache za sufu, na alihitaji jicho litenganishe mguu wa karibu na wa mbali bila kivuli, kwa sababu mshono wake, ambao uzi hulazwa sambamba na kubanwa kwa nyuzi za juu, hujaza eneo kwa rangi moja bapa. Akabadilisha rangi, na mguu ukarudi nyuma. Mtu akija "kuwasahihisha" farasi wale kwa kuwapa miguu ya rangi moja, atapata donge lenye kwato nane. Kwa hiyo buluu ya jani na buluu ya farasi hazina hukumu moja, na hakuna njia ya mkato ya kuzitofautisha zaidi ya kugeuza kitambaa na kujiuliza mtarizi alikuwa akitatua tatizo gani.

Wapo ambao watasema kwamba vitabu vya nakshi vimekuwepo tangu zamani na watu walivinakili. Ndiyo, vilikuwepo. Huko Augsburg, Ujerumani, vilichapishwa katika miaka ya 1520, na nakala zilizosalia ni chache kwa kuwa kurasa zilitobolewa kwa pini ili kuhamishia mchoro kwenye kitambaa, hadi zikachanika. Lakini aliyetoboa ukurasa alihamisha umbo la jumla, kisha akalijaza kwa mshono na uzi aliokuwa nao. Kitabu cha msanifu majengo Owen Jones, The Grammar of Ornament, kilichotoka London mwaka 1856 na mabamba 100 ya rangi, kilifanya kazi tofauti: kiliweka nakshi za mawe, vigae, vitambaa na kurasa za vitabu zote kwenye karatasi ya ukubwa mmoja na kwa wino bapa wa aina moja. Ni kitabu kizuri na ninakitumia. Ila nakshi ya kigae ukiitoa hapo ukaitarizi kama ilivyo, umetarizi wino, na pembe zake kali zitakusumbua mwezi mzima.

Nina mashaka yangu pia, na sitayaficha. Wanawake wa Bukhara, huko Uzbekistan, na maeneo ya jirani walitarizi suzani, yaani vitambaa vikubwa vya kutundika au kutandika, kwenye vipande vyembamba vya kitambaa: vilipigwa bandi pamoja, vikachorwa, vikafumuliwa, vikagawiwa mikono tofauti, kisha vikaunganishwa tena. Ndiyo maana ua moja huwa na nusu nyekundu na nusu yenye wekundu mwingine, na duara lake halikutani vizuri penye mshono. Mimi nikishona nakshi hiyo kwenye kitambaa kimoja kipana, je, niivunje katikati? Nikiivunja, naigiza ajali ambayo kwangu haikutokea. Nikiinyoosha, naondoa alama pekee inayoonyesha kwamba kazi ilikuwa ya mikono mingi. Nimefanya yote mawili kwa miaka tofauti, na hakuna hata moja iliyoniridhisha.

Shaka hiyohiyo ilinijia nilipokaa na mwanafunzi wangu na yai lake. Aliyehesabu miraba 60 kwa 60 kutoka kwenye kazi ya kale aliipeleka kwenye karatasi yenye miraba sawa, na hapo ua likawa duara. Huenda kwenye kitambaa chake cha kwanza lilikuwa yai tangu mwanzo, na mtarizi wa kale mwenyewe aliliona na kuridhika nalo. Nilimweleza hivyo, nikamwachia uamuzi. Alitaka duara. Basi tulifumua, tukachora upya kwa miraba 60 kwa upana na 50 kwa kimo, tukipunguza safu kwenye matumbo ya petali na kuacha kitovu kikiwa na safu zake zote, kwa sababu kitovu kikipoteza hata safu mbili jicho hulalamika mara moja. Petali mbili za juu zilikaribia kupoteza kijikunjo chake, ikabidi tuzirudishie safu moja na kuiondoa chini, kwenye bua. Kipande kipya amekianza jana. Kabla ya kutunga sindano alichukua pini mbili na rula, akahesabu nyuzi za sentimita tano kwa upana, kisha za sentimita tano kwa kimo, akaziandika pembeni mwa karatasi.