Kivuko cha Likoni: uwezo wa feri huamuliwa gatini

Kisiwa cha Mombasa kimeunganishwa na bara kwa njia tatu, na kila moja ina historia yake. Magharibi kuna daraja la Makupa, lililochukua nafasi ya tuta la zamani mwaka 2022. Kaskazini, daraja la kuelea la Nyali lilijengwa mwaka 1931, na mwaka 1980 nafasi yake ikachukuliwa na daraja la kudumu linalotumika hadi leo. Kusini, kati ya kisiwa na Likoni, watu wanaendelea kuvuka kwa feri, ingawa maji yanayotenganisha pande hizo mbili yana upana wa takriban nusu kilomita tu. Wageni wengi huniuliza kwa nini sehemu nyembamba kiasi hicho haijawekewa daraja. Jibu ni kwamba mlango huo wa bahari ndio njia pekee ya meli kubwa kuingia bandari ya Kilindini. Daraja la chini lingeifunga bandari, na mwaka 2012, baada ya njia hiyo kuchimbwa hadi kina cha mita 15 ili meli kubwa zaidi zipite, hoja hiyo ilizidi kuwa nzito.

Huduma ya feri kwa mfumo tunaoutambua leo ilianza mwaka 1937, ikiendeshwa na kampuni ya mabasi ya Kenya Bus Services kwa makubaliano na serikali ya mji. Naona jambo hilo linaeleza mengi kuhusu kivuko hiki, kwa sababu tangu mwanzo feri ilichukuliwa kuwa mwendelezo wa barabara, yaani basi linalopita majini, wala si safari ya baharini. Mwaka 1989 huduma ilihamishiwa Kenya Ferry Services, shirika lililoundwa chini ya Mamlaka ya Bandari ya Kenya, na mwaka uliofuata zikapatikana feri tatu, MV Nyayo, MV Harambee na MV Kilindini, ambazo zilibeba mzigo wa kivuko kwa miongo kadhaa. MV Likoni na MV Kwale zilifika kutoka Ujerumani mwaka 2010, kisha MV Jambo, iliyoundwa Uturuki, ikafuata mwaka 2017. Siku hizi usimamizi umerejea moja kwa moja mikononi mwa Mamlaka ya Bandari.

Anayetembea kwa miguu halipi nauli. Magari ndiyo yanayolipa. Takwimu za wasimamizi huzungumzia watu zaidi ya 300,000 na magari yapatayo 6,000 kwa siku. Ukizilinganisha namba hizo mbili utaona kwamba kivuko cha Likoni, kwa asili yake, ni njia ya waenda kwa miguu ambayo pia hupitisha magari. Hata hivyo, karibu kila mjadala unaoanzishwa kukihusu huanza na foleni ya magari, na mimi ninayeshughulika na mipango ya vivuko naona hapo ndipo hesabu zinapoanza kupotoka.

Feri za Likoni hazina tezi (nyuma) wala omo (mbele). Ncha zote mbili zimeundwa sawa, kila moja ikiwa na mlango wa chuma unaoshushwa juu ya gati, ili magari yaingie upande mmoja na kutokea upande wa pili bila chombo kugeuzwa. Nahodha naye huendesha kuelekea popote anakokwenda, na feri hurudi ilikotoka kama ilivyo. Gati zenyewe ni miteremko ya zege inayoingia majini. Wakati wa kupakia na kupakua, chombo husukumwa na injini zake kuelekea nchi kavu ili mlango usiachane na mteremko, na injini hizo haziwezi kupumzishwa mpaka abiria wa mwisho awe amepanda.

Hapo bahari huingilia kati. Mombasa ina tofauti kubwa kati ya maji kujaa na maji kupwa; wakati wa bamvua, mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, tofauti hiyo huzidi mita tatu. Kwa kuwa gati imesimama mahali pamoja, maji yakijaa feri hugusa karibu na barabara, na yakipwa hugusa chini kabisa mwa mteremko, ambako zege lina utelezi na pembe kati ya mlango na gati huwa kali. Lori refu lenye tumbo la chini linaweza kukwama hapo, na likikwama hakuna kinachopita nyuma yake. Msukuma mkokoteni aliyeshuka na mzigo wa viazi bila taabu wakati maji yamejaa atahitaji watu wawili wa kumsaidia kupanda saa sita baadaye. Wakati wa maji mafu tofauti hupungua na kazi huwa nyepesi. Kwa hiyo kivuko kilekile, chenye feri zilezile na mabaharia walewale, hakina uwezo uleule kila siku ya mwezi, na ratiba isiyotazama majedwali ya maji haiwezi kutimizwa.

Tuchukue mfano wa hesabu. Tuseme kuvuka kunachukua dakika 5 na feri hukaa dakika 10 kila gati kwa kushusha na kupakia. Mzunguko mzima, kwenda na kurudi, ni dakika 30, nazo dakika 20 kati ya hizo chombo kimesimama. Ukiongeza mwendo wa feri hadi kuvuka kuchukue dakika 4, umeokoa dakika 2 tu kwa mzunguko. Ukipunguza muda wa kukaa gatini kutoka dakika 10 hadi 7, umeokoa dakika 6, na feri iliyokuwa ikifanya mizunguko miwili kwa saa sasa inafanya miwili na nusu. Feri nne zikifanya hivyo zinabeba watu sawa na feri tano za awali, na hakuna chombo kilichonunuliwa. Kinyume chake pia ni kweli: feri mpya ikiletwa mahali ambapo gati zote zimekaliwa, itakaa nje ikielea na kuchoma mafuta ikisubiri zamu. Lakini feri mpya hupigwa picha na kuzinduliwa kwa sherehe, ilhali mteremko uliopanuliwa hauvutii kamera, na nina hakika hilo limeathiri mahali fedha zinapoelekezwa katika vivuko vya nchi nyingi.

Meli nazo zina haki yake. Meli ya makontena inapoingia au kutoka Kilindini ikiongozwa na rubani wa bandari haiwezi kusimama wala kukwepa ghafla katika njia nyembamba kama ile, kwa hiyo feri ndizo zinazosubiri. Kusubiri huko kukiangukia saa ya asubuhi watu wanapokwenda kazini, eneo la abiria hujaa kwa dakika chache, na msongamano huo huchukua muda mrefu kuisha kuliko meli yenyewe ilivyochukua kupita.

Msongamano ni suala la uhai. Tarehe 29 Aprili 1994, feri ya Mtongwe, kivuko cha pili cha mlango huohuo wa Kilindini, ilipinduka mita chache tu kutoka ufukweni, na watu 272 wakapoteza maisha. Ilikuwa na uwezo wa kubeba watu 300 na ilibeba takriban 400. Chombo kinachobeba umati uliosimama kina tatizo ambalo lori halina: umati husogea. Watu wote wakikimbilia mlango mmoja ili wawe wa kwanza kushuka, uzito huhama pamoja nao, na kadiri walivyozidi idadi ndivyo chombo kinavyokosa nguvu ya kujirudisha wima. Ndiyo maana kuhesabu watu kabla hawajafika kwenye mteremko ni kazi muhimu kuliko kuwazuia wakiwa tayari mlangoni. Mwezi wa Septemba 2019, gari liliteleza kinyumenyume kutoka MV Harambee katikati ya mkondo na kuzama na mama na bintiye waliokuwamo. Kwa mtazamo wangu, feri isiondoke gatini kabla milango yake haijainuliwa na magurudumu ya magari kuwekewa vizuizi, hata kama hilo litaongeza dakika katika hesabu niliyoitoa hapo juu.

Barabara ya Dongo Kundu, inayotoka Miritini na kuvuka maji kwa madaraja hadi barabara ya Lunga Lunga, imewapa wenye magari njia ya kwenda Kwale na mpakani bila kugusa feri. Ni nafuu ya kweli, hasa kwa malori. Kwa mkazi wa Likoni anayefanya kazi kisiwani na kwenda kwa miguu, haimsaidii kitu. Daraja refu la Mombasa Gate Bridge, ambalo limepangwa kwa miaka mingi, nalo lina kikwazo cha maumbile: ili meli zipite chini, lazima liinuliwe makumi ya mita, na kimo cha mita 60 kwa mwinuko wa asilimia 5 kinahitaji mita 1,200 za kupanda kabla hujafika juu ya maji. Gari litapanda bila shida. Mama mwenye mtoto mgongoni na kikapu mkononi hatapanda kila asubuhi. Daraja la kuelea la Liwatoni, lililowekwa mwaka 2020 wakati wa janga la korona kwa ajili ya waenda kwa miguu pekee, lilikuwa chini na la kutembeka, lakini kwa sababu hiyohiyo ilibidi sehemu yake ya katikati ifunguliwe kila meli ilipohitaji kupita.

Kwa hiyo malori yanapohamia Dongo Kundu, nafasi inayoachwa wazi pale Likoni ningependa ipewe waenda kwa miguu: mteremko wao peke yao kila upande, uliotengwa na wa magari kwa ukuta, wenye zege la kukwaruza lisiloteleza hadi chini ya kiwango cha maji ya bamvua yakipwa, na njia yenye paa inayogawanya umati katika makundi yaliyohesabiwa kulingana na feri inayofuata.